Jina Lililotoka Majini

Nilikuwa nageuza chapati za maji Enora, mke wa mwanangu, aliponiambia mtoto aliye tumboni mwake ataitwa Budok. Hakuniuliza. Aliniambia tu, huku anapaka siagi chapati yake, na wala hakuinua macho.

Chapati iliungua. Mimi sijaunguza chapati tangu nilipoolewa.

"Budok?" nikasema. "Budok yupi?"

"Budok tu, mama. Ni jina. Kwani lazima liwe la mtu?"

Hapo ndipo aliponitia wasiwasi. Huku kwetu Porz-Gwenn hakuna jina lisilo la mtu. Mtoto huchukua jina la baba yake wa ubatizo, hata siku hizi ambapo vijana wanarudi kutoka Brest na nywele mpaka mabegani. Mwanangu Gireg aliitwa Gireg kwa sababu mjomba wangu Gireg ndiye aliyemshika kanisani. Ukisikia jina la mtoto unageuza shingo, unamtafuta mwenye nalo. Na pwani yetu nzima alikuwako Budok mmoja tu: Budok Kerdraon, mzamiaji, aliyetoka jeshi la majini na kurudi kukaa peke yake karibu na gati. Umri wa makamo, mabega mapana, hana mke, na ana meno yake yote.

"Gireg anajua?" nikauliza.

"Nitamwambia akirudi."

Gireg alikuwa baharini, upande wa Ireland, kwenye meli ya uvuvi inayoondoka wiki mbili mbili. Mkwe wangu anachagua jina la mtoto mumewe hayupo, na jina lenyewe ni la mwanamume mwingine. Nikageuza chapati nyingine nikanyamaza. Mimi nikinyamaza, watu wa nyumbani kwangu hujua kuna jambo. Enora hakujua, maana ametoka bara, kwa wafuga ng'ombe, na wafuga ng'ombe wamezoea kukaa na viumbe visivyosema.

Tena kuna jambo la jina lenyewe. Mtakatifu Budok alizaliwa ndani ya pipa. Mama yake alikuwa mke wa bwana mkubwa, akasingiziwa kuwa mimba si ya mumewe, wakamtia kwenye pipa na tumbo lake wakamtupa baharini. Pipa likaelea miezi. Akajifungua humo humo gizani, na wote wawili wakatoka wazima ng'ambo. Kwa hiyo kwetu Budok ni yule aliyetoka majini. Mtu wa bara akisikia hivyo anasema, lo, jina zuri, jina la baraka. Wavuvi wanasikia uchokozi. Huwezi kuiambia bahari usoni kwamba yuko mtu aliyeishinda, halafu umpandishe mtu huyo melini. Watu ambao hata sungura hawamtaji wakiwa kazini, wasije wakaleta mkosi, utawaambia nini kuhusu Budok? Kerdraon mwenyewe hawamwiti kwa jina. Wanamwita Wa Propela, kwa kuwa kazi yake ni kuzamia na kukata kamba zilizonasa kwenye propela za meli. Jina la Budok alipewa na mama yake, mwanamke asiyejali kitu, aliyemzaa ndani ya mashua wakivuka kutoka kisiwani kwenye ukungu.

Mimi sikuwahi kulipenda jina lile, na nilikuwa na sababu yangu. Bahari ilimchukua mume wangu, Mazhe, pale pale mdomoni mwa bandari, nami nimesimama gatini na mkate mkononi. Wimbi liliipindua mashua. Wenzake walishika ubao wakaokoka, yeye akasukumwa pembeni. Hakuna aliyeruka kumfuata, kwa sababu hakuna aliyejua kuogelea. Wavuvi wetu hawaogelei. Husema anayejua kuogelea anajiongezea mateso tu, na asiyejua anakufa mara moja. Niliambiwa hivyo siku ya maziko, nikashika hivyo hivyo. Gireg alipokuwa mdogo nilimchapa kwa kuchezea maji yanayopita magoti.

Basi nikaanza kumchunguza Enora.

Sikulazimika kuchunguza sana. Siku ya pili yake alirudi saa za alasiri, nywele mbichi, na nje jua linawaka.

"Umetoka wapi?"

"Kanisani, mama. Kule kwa Mtakatifu Budok."

"Kanisani kumenyesha?"

Akacheka. "Nilinawa kisimani."

Tunacho kisima pale chini ya lile kanisa dogo juu ya mwamba, na wajawazito hunawa maji yake, hilo ni kweli. Nikamsaidia kuanika kitambaa chake cha kichwa kama mama mkwe mwema. Alipoingia ndani nikakilamba. Chumvi! Maji ya kisima cha mtakatifu ni matamu tangu dunia iumbwe, na huyu alikuwa na chumvi mpaka kwenye masikio.

Taulo nazo zikaanza kupungua kabatini. Ile nene ya rangi ya bluu nikaikuta nyuma ya banda la kuku, imekunjwa, ina mchanga. Nikairudisha pale pale ilipokuwa nikaiwekea jiwe dogo juu ili nijue ikiguswa. Kesho yake jiwe lilikuwa chini.

Duka la mkate la Katell ndilo linalojua mambo ya watu wa Porz-Gwenn kabla wenyewe hawajayajua. Nilipoingia, Katell alisubiri wateja wengine watoke.

"Shoga yangu," akasema, "mkweo siku hizi kashika dini."

"Mjamzito lazima asali."

"Haya. Na Wa Propela naye ana mimba? Maana namwona anapanda njia ile ile, kila mkweo anapopanda."

"Njia ya kanisa ni ya watu wote."

"Ya watu wote, ndiyo. Lakini hao hawaingii kanisani, bibi wee. Wanapita nyuma, wanateremka kule kwenye ghuba ndogo kusikofika mtu." Akanifungia mkate wangu taratibu, na uso wake ulikuwa na furaha ambayo ningeifuta kwa mkate huo huo. "Mimi simo. Nasema nilichokiona tu."

Nitasema wazi nilichokiogopa: kama mtoto yule hakuwa wa Gireg, basi hapakuwa na kitu cha Mazhe kitakachobaki duniani baada ya Gireg. Na Gireg anafanya kazi ile ile iliyomla baba yake.

Nikaenda moja kwa moja gatini. Budok alikuwa ameketi juu ya kreti anachambua kamba kwa kisu.

"Budok," nikasema.

"Mama Soazig! Leo umenitaja kwa jina? Mvua itanyesha."

"Niambie kweli. Umeombwa kumshika mtoto wa Gireg kwenye ubatizo?"

"Mimi?" Akanitazama vizuri. "Watu huniomba nikate kamba, mama. Kushika watoto, hawajaniomba bado."

Hakuwa anadanganya, namjua mtu anayedanganya. Na hilo ndilo lililonimaliza. Angeombwa ubatizo, jina lingekuwa na mlango lilioingilia. Hakuombwa. Sasa jina limeingilia wapi?

"Basi mbona mtoto ataitwa jina lako?"

Kisu kikasimama. Uso wote ukamwiva mpaka shingoni, halafu akatabasamu, na lile tabasamu nusura nilipige kofi.

"Enora amesema hivyo?"

"Unamwita Enora. Vizuri. Mnafanya nini kule ghubani, wewe na Enora?"

Tabasamu likaondoka. Akaanza tena kuchambua kamba. "Muulize mwenyewe, mama. Mimi nilimpa neno langu."

Neno! Mwanamume asiye na mke anampa mke wa mtu neno, naye mumewe yuko Ireland anavuta nyavu.

Ningeweza kumuuliza Enora. Kila mtu aliniambia hivyo baadaye, akiwemo padri. Sikumuuliza, kwa sababu nilishajijibu. Nilingoja meli.

Meli ilifunga gati Jumamosi mchana, maji yanajaa. Gireg alishuka na mfuko begani, bado amevaa mabuti yake ya mpira, yale marefu yanayofika mapajani, ananuka samaki na anacheka. Ana hasira za haraka mwanangu. Aliwahi kung'oa mlango wa baa kwa sababu mtu alimtania kuhusu mkewe, utani wa kawaida kabisa. Nilijua nikifungua mdomo nyumba ile inaweza kuvunjika. Nikaufungua.

"Mke wangu yuko wapi?" aliuliza.

"Ghuba ya nyuma ya kanisa. Na Budok."

"Na Budok wanafanya nini?"

"Sijui. Lakini mtoto ataitwa Budok. Na huyo Budok sijaona nani aliyemwomba."

Mfuko ukaanguka, samaki wangu aliokuwa ameniletea wakatoka wakalala gatini. Akaanza kwenda, halafu akaanza kukimbia, na mimi nyuma yake nimeshika sketi, napanda njia ya kanisa nikihema. Nitasema na hili: sehemu yangu moja ilikuwa na raha. Nilikuwa sahihi, na mtu akiwa sahihi hata kupanda mlima si kitu.

Tulipofika juu ya mwamba tukawaona. Enora alikuwa ndani ya maji amelala chali, tumbo lake juu, amekumbatia boya kuukuu la nyavu. Budok alisimama kando yake, maji yanamfika kifuani, mkono wake mmoja uko chini ya mgongo wa mke wa mwanangu.

"Taratibu," Budok alikuwa anasema. "Vuta pumzi. Sasa naondoa mkono. Naondoa, eh? Usiogope."

Gireg alipiga ukelele nisioweza kuuandika. Akateremka miambani akiteleza, akaruka, akatua majini na mabuti yake. Maji yakamfika magotini, mapajani. Akawa anatembea kuelekea kwao anawatukana wote wawili kwa matusi ya melini, na Budok ameinua mikono anampigia kelele, "Simama! Gireg, simama hapo hapo, kuna korongo!"

Nani husimama akiambiwa na mwizi wake? Akapiga hatua nyingine, akatoweka.

Akatokea mara moja. Mabuti yalikuwa yameshajaa maji, yanamvuta chini. Niliuona mdomo wake umefunguka. Kisha mkono tu. Na mimi nilikuwa nimesimama juu ya jiwe, mikono mitupu, ninatazama, kama nilivyosimama gatini. Nilikuwa mahali pale pale. Miaka yote ile sikuwa nimetoka.

Enora ndiye aliyekuwa karibu. Alijigeuza, akalisukuma lile boya mbele yake, akapiga miguu. Budok akamwambia kaa nyuma, hakukaa. Akafika, akaliweka boya chini ya ule mkono, na mkono ukalishika. Hapo Budok akazamia. Alikaa chini muda, na mimi nikasema Mungu wangu amechukua wawili, halafu nikamwona Gireg anapanda juu kifua kizima, mwepesi. Yule mtu alikuwa amemvua mabuti chini ya maji, jinsi anavyotoa kamba kwenye propela.

Wakamleta mchangani. Alitapika bahari na kahawa. Nikampiga mgongoni kwa ngumi, naweza kusema kumsaidia, lakini nilikuwa nampiga.

"Mjinga!" nikamwambia. "Mjinga wa mwisho, mtoto wa mjinga!"

"Nitamuua," Gireg akasema, pumzi hana.

"Utamuua nani?" Enora akamuuliza. Alikuwa amesimama anatetemeka, fulana kuukuu ya mumewe imemganda mwilini. "Aliyekutoa? Sema, nikuletee na kisu."

"Mnafanya nini hapa?"

"Najifunza kuogelea."



"Kuogelea," Gireg akasema.

"Kuogelea. Maana katika kijiji hiki chote hakuna mwingine wa kumfundisha mwanangu. Wewe hujui. Baba yako hakujua. Mnaishi juu ya maji tangu Nuhu na hamjui kuelea, mnaona fahari! Mimi nimekuja kwenu nikaoneshwa makaburi ambayo ndani hamna watu. Nikasema sawa, wa kwangu atajua, na ikibidi nitajifunza mimi ndipo nimfundishe. Nikamwomba Budok asimwambie mtu, kwa sababu mngenicheka, na mama angenifungia ndani."

Ningemfungia, ni kweli.

"Na jina?" nikauliza. Bado nilikuwa nimelishikilia, nina aibu kusema. "Jina limetoka kwa nani?"

"Kwa mtakatifu, mama! Nilisikia habari zake siku ya sikukuu yake, nikiwa na mimba changa, nikakaa pale kanisani nikalia. Ninyi mnasikia jina hilo mnaogopa. Mimi nilisikia kwamba yuko mtoto mmoja aliyetupwa baharini na bahari ikamrudisha. Mmoja basi. Nikalitaka." Akajifuta pua kwa mkono. "Kerdraon sikumfikiria hata kidogo. Kwetu mtoto anapewa jina linalopendeza."

Budok alikuwa anakamua suruali yake kando, anajifanya hasikii. Nikaona imemuuma kidogo kwamba hakufikiriwa hata kidogo.

"Halafu, mama," Enora akasema, na sauti yake sasa ilikuwa ya chini, "yule mama wa mtakatifu. Nani alimtia kwenye pipa?"

Kila mtoto wa Porz-Gwenn anajua jibu. Kuna mwanamke wa nyumba ile ile aliyepeleka maneno kwa mume wa mama huyo.

"Alikuwa mama wa kambo," nikasema. "Hakuwa mama mkwe."

Gireg akacheka. Alianza kucheka akakohoa, akacheka tena, kichwa chake kwenye miguu ya mkewe, na Enora akamwacha acheke huku machozi yanamtoka. Mimi sikucheka. Nilikuwa natazama soksi zake. Soksi za sufu nilizomfumia mwenyewe, zimejaa mchanga, na mabuti yako chini korongoni mpaka leo.

"Kama jina linakuchukiza sana nitatafuta lingine," Enora akaniambia. "Nimechoka."

"Mwite utakavyo," nikasema. "Lakini kuogelea, usianze na mtoto. Anza na huyu."

Gireg akainua kichwa. "Mama, wenzangu watanicheka mpaka nizeeke."

"Uzeeke kwanza. Hilo ndilo ninalotaka."

Nikamgeukia Budok. Kuomba radhi sikufundishwa nikiwa mdogo na sasa ni shida kujifunza. Nikamwambia mtoto wetu atazaliwa wakati wa mavuno ya matufaha, kwamba hana baba wa ubatizo, na kwamba mtu anayemshika inabidi aje na koti safi. Akasema koti analo. Nikamwambia basi na alete viatu pia.

Kiangazi kile Gireg alijifunza kila alipokuwa nyumbani. Nilikuwa nakwenda nao. Nilikaa juu ya jiwe nina taulo ya bluu mapajani, mahali ambapo anayepita njia ya kanisa lazima anione, maana nilitaka kuwajua wanaocheka. Katell alipita mara mbili. Mara ya tatu akasimama, akauliza kama Budok anaweza kumchukua na mwanawe.

Siku ya mwisho kabla maji hayajawa baridi, Budok alimwambia Gireg aende mpaka kwenye boya jekundu arudi, peke yake. Enora hakuweza tena kuingia majini, alikuwa mkubwa mno, akaja kukaa kando yangu. Gireg akaenda. Alikuwa anaogelea vibaya, anarusha maji hovyo, anamtukana mtakatifu na Budok kwa pamoja. Akaligusa boya, akageuka, akaanza kurudi.

Mimi nilikuwa napima kwa macho. Umbali ule naujua, nimeupima kila siku tangu nilipokuwa mjane. Kutoka gatini mpaka pale mkono wa Mazhe uliponyooka mara ya mwisho ni nusu ya safari ile, wala si zaidi. Na hakufa mara moja. Hayo ya mara moja waliniambia wao, nami nikayashika kwa sababu yalishikika. Alikaa juu ya maji muda mrefu, akinitazama.

"Mama, unalia," Enora akasema. "Mbona anarudi?"

"Ndiyo," nikamwambia. "Naona anarudi."